Ufalme wa Buganda Chini ya Bendera ya Waingereza: Waislamu Walipoteza Nini, na Walibaki na Nini?

Sifa zote njema anastahiki Allah (S.W.T.), Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake wote.



Wanafunzi wetu hapa Arua na Koboko huuliza maswali mawili kila tunapofundisha historia. La kwanza: inakuwaje ndani ya nchi yenye Rais kuwe na Kabaka mwenye baraza lake, mawaziri wake na ardhi yake? La pili, wengine huliuliza kwa sauti ya chini: je, ni kweli kwamba Uislamu katika Uganda uliletwa na wanajeshi, na kwamba sisi watu wa West Nile ndio wanajeshi wenyewe? Maswali haya mawili yana jibu moja refu, na jibu lenyewe limo katika habari za Buganda kati ya mwaka 1844 na mwaka 1900. Tumeona ni vizuri tulieleze hapa ili wazazi walisome pamoja na watoto wao.

UFALME UNAOLINDWA NI UFALME WA NAMNA GANI?

Tuanzie mbali kidogo. Kule India ya magharibi kulikuwa na falme za Warajput, watu waliosifika kwa upanga na farasi: Jodhpur, Udaipur, Jaipur na nyinginezo. Mwaka 1818 wafalme hao walitia saini mikataba na Kampuni ya Waingereza. Mfalme alibaki na kiti chake, jumba lake na mahakama zake. Lakini hakuweza tena kufanya vita wala mapatano na nchi nyingine, na pembeni yake alikaa afisa wa Kiingereza wa kumpa "ushauri". Hali hiyo ilidumu mpaka mwaka 1947 India ilipopata uhuru, falme hizo zikaunganishwa na taifa jipya, na mwaka 1971 hata posho walizokuwa wakipewa wafalme zikafutwa.

Kwa nini tunawataja Warajput kwenye habari za Uganda? Kwa sababu Frederick Lugard, aliyekuja kumtaka Kabaka atie saini mkataba wa kwanza, alizaliwa India mwaka 1858 na akatumikia jeshi huko. Njia ya kumtawala mtu kupitia mfalme wake mwenyewe ilikuwa imekwisha jaribiwa zamani kabla haijafika Mengo. Zanzibar nayo iliwekwa chini ya himaya ya Waingereza mwaka 1890, naye Sultani akaachiwa kiti chake. Basi Buganda ilikuwa ufalme mmoja katika safu ndefu.

UISLAMU ULIINGIA KWA MLANGO WA IKULU

Mwaka 1844, wakati wa Kabaka Suuna II, mfanyabiashara Mwarabu aitwaye Ahmed bin Ibrahim alifika Buganda akitokea upande wa pwani. Inasimuliwa kwamba siku moja Kabaka alipoamuru watu wauawe, Ahmed alisimama mbele yake akamwambia kuwa watu hao wameumbwa na Mungu, na ni Yeye aliyempa Kabaka huo ufalme. Tutafakari hapo, ndugu zetu. Neno la kwanza la Uislamu linalokumbukwa katika nchi hii ni neno la kutetea uhai wa wanyonge, na aliyelisema hakuwa mwanajeshi. Alikuwa mgeni asiye na jeshi nyuma yake, amesimama mbele ya mfalme mwenye uwezo wa kumuua.

Mtoto wa Suuna, Kabaka Mutesa I, alitawala kuanzia mwaka 1856 hadi 1884. Kuanzia mwaka 1867 hivi alifunga Ramadhani kwa takriban miaka kumi. Msikiti ulijengwa ikulu, kalenda ya Kiislamu ikatumika, na vijana wa ikulu wakajifunza kusoma na kuandika kwa herufi za Kiarabu. Kiswahili kilisikika barazani kabla Kiingereza hakijafika. Hata neno la Kiganda "abasomi", walilokuja kuitwa Waislamu na Wakristo pia, shina lake ni neno letu la kusoma. Mtu wa dini, katika macho ya Waganda wa zama hizo, alikuwa ni mtu anayesoma. Tulishike jambo hili, kwani tutalirudia.

Hata hivyo Mutesa hakukubali kutahiriwa, kwa kuwa mila ya Buganda ilikataza damu ya Kabaka kumwagika. Vijana wake walipozidi kuielewa dini, wakichochewa pia na wageni Waislamu waliotoka upande wa Misri na Sudan, walikataa kula nyama iliyochinjwa na mtu asiyetahiriwa na wakakataa kumfuata katika ibada. Mutesa aliona huo ni uasi. Kati ya mwaka 1875 na 1876 aliamuru wauawe, na hesabu inayotajwa sana ni ya vijana 70 waliochomwa moto Namugongo. Hiyo ilikuwa miaka kama kumi kabla ya mashahidi wa Kikristo waliouawa mahali hapohapo mwaka 1886, ambao nchi nzima huwakumbuka kila tarehe 3 Juni. Hatusemi hivi ili kushindania mashahidi. Tunasema ili mtoto wa Kiislamu ajue kwamba Namugongo ni sehemu ya habari zake pia.

MWAKA MMOJA WA KABAKA MWISLAMU

Wamisionari wa Kiprotestanti walifika mwaka 1877, na Wakatoliki mwaka 1879. Mutesa alipofariki mwaka 1884, mwanawe Mwanga alirithi kiti akiwa kijana, akajikuta katikati ya makundi matatu ya wasomi wenye bunduki. Mwezi Septemba 1888 Waislamu na Wakristo waliungana wakamwondoa, wakamweka ndugu yake Kiwewa. Umoja huo haukumaliza hata miezi miwili. Mwezi Oktoba Waislamu waliwafukuza Wakristo katika mji mkuu, na Kiwewa alipokataa kutahiriwa naye akaondolewa. Akawekwa Kalema, aliyesilimu kikamilifu.

Hapa tunalazimika kusema ukweli wote, kwani mwalimu anayeficha nusu ya historia hafundishi. Utawala wa Kalema haukuwa mfano wa uadilifu wa Kiislamu. Kwa kuogopa kupokonywa kiti aliwaua ndugu zake, wana wa mfalme wa kiume na wa kike, na Kiwewa akiwa miongoni mwao. Dini ambayo kwa kinywa cha Ahmed bin Ibrahim ilitetea uhai, sasa ilitajwa pamoja na umwagaji damu. Mwezi Oktoba 1889 Mwanga alirudi kwa msaada wa Wakristo. Vita vilienda vikirudi hadi mwanzoni mwa mwaka 1890, Waislamu waliposhindwa na kukimbilia mpakani mwa Bunyoro, ambako Kabalega, Mfalme wa Bunyoro, aliwaunga mkono. Kalema alifia huko kwa ndui mwaka huohuo. Waislamu wakamchagua Nuhu Mbogo, mtoto wa Suuna na ndugu yake Mutesa, kuwa kiongozi wao.

LUGARD, SELIM BEY NA WATU WA MTO NAILI

Lugard alifika Kampala tarehe 18 Desemba 1890, na tarehe 26 ya mwezi huo Mwanga alitia saini mkataba wa kuwa chini ya ulinzi wa Kampuni ya Waingereza ya Afrika Mashariki. Lakini Lugard alikuwa na askari wachache. Akawakumbuka watu walioachwa upande wetu wa dunia.

Hapa ndipo West Nile inapoingia. Emin Pasha, gavana wa jimbo la Equatoria kwa niaba ya Misri, alikuwa na vituo Wadelai na Dufile, kandokando ya mto Naili, katika ardhi ambayo leo ni West Nile. Askari wake walitoka katika makabila mengi ya Sudan na ya bonde la Naili, wakiwemo Wabari, Wamakaraka, Wakakwa, Wamadi, Walugbara na Waalur. Uislamu, jeshi na lugha ya Kinubi viliwafanya watu wamoja, na ndio hao tunaowaita Wanubi. Mwezi Novemba 1888 majeshi ya Mahdi yaliposhambulia Dufile, afisa Selim Bey na wenzake waliwarudisha nyuma. Mwaka 1889 Emin aliondoka na Stanley kwenda pwani, na Selim Bey na watu wake wakaachwa nyuma, Kavalli, karibu na Ziwa Albert.

Mwaka 1891 Lugard aliwafuata huko. Alirudi na watu zaidi ya 8,000, na askari walikuwa mamia tu, wengine wote wakiwa wake, watoto na watumishi wao. Huo ndio mwanzo wa jeshi la kikoloni la Uganda. Basi mtoto akiuliza kama Wanubi walikuja Buganda kwa bunduki, jibu ni ndiyo. Walipelekwa na Waingereza, na walikuta Uislamu umekwisha kaa Buganda kwa karibu miaka 50.

Mwaka 1892 Selim Bey alisaidia kuleta sulhu. Mwezi Mei Nuhu Mbogo aliingia Kampala kwa amani pamoja na watu wake, akaacha dai la ufalme, na Waislamu wakapewa majimbo matatu madogo. Tarehe 1 Aprili 1893 bendera ya Uingereza ilipandishwa Kampala, ikachukua nafasi ya ile ya Kampuni.

Amani haikudumu. Mwezi Juni 1893 Waislamu walilalamikia udogo wa sehemu waliyopewa na kazi walizotakiwa kumfanyia Kabaka. Selim Bey, ambaye wakati huo alikuwa mgonjwa huko Entebbe, alipeleka ujumbe kwamba Mbogo asidhuriwe na kwamba anayewapiga Waislamu anampiga yeye. Kapteni Macdonald aliuchukua ujumbe huo kuwa uasi. Askari Wanubi wa Kampala walinyang'anywa silaha bila kupigana, na Waislamu wakapigwa na kutawanywa. Selim Bey alikamatwa, akapelekwa pwani, akafia njiani Naivasha. Mbogo alihamishiwa Zanzibar hadi mwaka 1895. Katika majimbo matatu, Waislamu walibaki na moja tu, Butambala.

Mwaka 1897 Mwanga aliasi na kukimbia, na mwanawe Daudi Chwa, aliyekuwa na umri wa mwaka mmoja, akawekwa kuwa Kabaka. Miezi michache baadaye askari Wanubi nao waliasi, wakiwa wamechoshwa na safari zisizokwisha na mshahara mdogo unaocheleweshwa. Waasi walitaka kumtawaza Mbogo. Mzee yule, aliyepoteza kiti, majimbo na miaka miwili ya uhamishoni, alikataa. Angeweza kusema huu ndio wakati wa kulipiza kisasi. Badala yake alichagua kuwahifadhi Waislamu wa Buganda wasiangamizwe. Mpaka leo wako wanaomlaumu, na wako wanaosema kwamba kama si kukataa kwake, kusingebaki Waislamu wa kuhesabika katika Buganda. Sisi tuko pamoja na hao wa pili.

KARATASI YA MWAKA 1900

Tarehe 10 Machi 1900 Sir Harry Johnston na wakuu wa Buganda walitia saini Mkataba wa Uganda. Kabaka alikuwa mtoto wa miaka mitatu. Mahali pake walikuwepo wasimamizi watatu: Apolo Kagwa na Zakaria Kisingiri, ambao ni Waprotestanti, na Stanislaus Mugwanya, Mkatoliki. Miongoni mwa wasimamizi hao hakuwepo Mwislamu.

Mkataba ule uliifanya Buganda iwe kama zile falme za Warajput. Kabaka alibaki na kiti chini ya ulinzi wa Malkia, Lukiiko likabaki kuwa baraza la nchi, na nchi ikagawanywa katika majimbo 20. Kila nyumba ilitozwa kodi ya rupia 3, na kila bunduki rupia 3. Jambo zito zaidi lilikuwa ardhi. Maili za mraba 8,000 zilitengwa kwa machifu na wamiliki binafsi wapatao 1,000, na ndiyo asili ya ardhi ya "mailo" ambayo bado inabishaniwa mahakamani na bungeni. Waislamu walipata nini? Mbogo alipewa posho ya paundi 250 kwa mwaka maishani mwake, kwa sharti la kukabidhi madai yake kwa serikali, na maili za mraba 24 kwa ajili yake na wafuasi wake. Jimbo lao likabaki lile moja la Butambala.

Linganisheni, ndugu wasomaji: maili 24 katika 8,000. Vita vyote vya miaka kumi na miwili vilimalizikia kwenye hesabu hiyo.

Jambo la pili halikuandikwa kwenye karatasi, nalo lilidumu zaidi. Shule zote za maana ziliachwa mikononi mwa wamisionari. Mzazi Mwislamu aliyempeleka mtoto shule aliogopa asibatizwe, na aliyemzuia alimfungia mlango wa ukarani, ualimu na udaktari. Watu ambao mwaka 1870 walikuwa ndio wasomi wa kwanza wa ikulu, wenye kuandika kwa herufi za Kiarabu, katika kizazi kimoja waligeuka kuwa wachinjaji, madereva na wachuuzi katika nchi inayoandikwa kwa herufi za Kizungu. Kazi hizo ni za halali na zina heshima yake. Lakini hazikuwa na kiti katika baraza lililogawa ardhi.

West Nile hatukuwa na mkataba kama huo. Upande wetu ulikuwa sehemu ya eneo la Lado lililokodishwa kwa Mfalme Leopold wa Ubelgiji mwaka 1894. Mwaka 1910 likarudishwa Sudan, na mwaka 1914 tukaingizwa Uganda, Arua ikawa makao ya Mkuu wa Wilaya. Hatukuwa na mfalme mmoja wa kutia saini kwa niaba ya wote, na ndiyo maana sisi hatuna ardhi ya mailo wala Kabaka. Tulichokuwa nacho ni vijana wenye miili imara, na serikali ikawachukua kwa jeshi na kwa vibarua.

MWISHO WA UFALME NA KURUDI KWAKE

Mwaka 1953 Gavana Andrew Cohen alimhamishia Kabaka Mutesa II Uingereza, na mwaka 1955 akarudishwa. Uganda ilipata uhuru tarehe 9 Oktoba 1962, na mwaka uliofuata Mutesa akawa Rais. Tarehe 24 Mei 1966, kwa amri ya Milton Obote, jeshi lililoongozwa na Idi Amin lilishambulia ikulu ya Mengo. Mutesa alikimbia, akafariki London mwaka 1969. Katiba ya mwaka 1967 ilifuta falme zote. Amin huyohuyo, alipokwisha kushika serikali mwaka 1971, aliurudisha mwili wa Kabaka ukazikwa Kasubi. Ufalme ulirudishwa mwaka 1993, Ronald Muwenda Mutebi II akatawazwa, safari hii bila jeshi wala kodi.

Sisi tunaoishi Koboko na Arua hatuwezi kupita hapo haraka. Amin alipoangushwa mwaka 1979, na vita vilipotufikia mwaka 1980, vijiji vyetu vilichomwa na watu wetu wakakimbilia Sudan na Zaire, wakiwemo wasiojua hata Mengo iko wapi. Tunajua kwa uchungu maana ya watu wote kulipishwa matendo ya wachache, kama Waislamu wa Buganda walivyolijua mwaka 1893. Basi tusiwe watu wa kuwafanyia wengine hivyohivyo.

MAFUNZO KWA FAMILIA ZETU

Kwanza, tusimfiche mtoto makosa ya waliotutangulia. Tukimfundisha kwamba kila aliyeitwa Mwislamu alikuwa mwema, siku atakayosoma habari za Kalema atatushuku sisi, na pengine ataishuku dini. Afundishwe kupima matendo ya watu kwa dini, asipime dini kwa matendo ya watu.

Pili, ushindi wa ghafla si hoja. Waislamu walishika Buganda kwa mwaka mmoja kwa bunduki na wakaipoteza kwa bunduki. Kilichobaki ni kile kilichojengwa kwa subira. Nuhu Mbogo alifariki mwaka 1921, akamwacha mtoto, Badru Kakungulu, ambaye alitoa ardhi ya kilima cha Kibuli. Leo pale pana msikiti, shule na hospitali, na vijana wetu kutoka West Nile wamesoma pale.

Tatu, elimu. Mwaka 1952 chama cha kwanza kikubwa cha siasa, Uganda National Congress, kilipata katibu mkuu wake wa kwanza: Abu Mayanja, kijana Mwislamu aliyepita katika shule hizohizo zilizoogopwa na akabaki Mwislamu. Mzazi anayesema madrasa inatosha, na mzazi anayesema shule inatosha, wote wawili wanamkata mtoto mkono mmoja. Madrasa isiwe sababu ya kukosa shule, na shule isiwe sababu ya kukosa madrasa. Na hili linawahusu mabinti zetu sawasawa na wavulana.

Nne, tusome tunachotia saini. Siku hizi Arua ni jiji, ardhi inapimwa, na makampuni yanakuja. Familia ngapi zimeuza shamba la babu kwa karatasi ambayo hakuna aliyeisoma mpaka mwisho?

MASWALI YA KUJADILI NYUMBANI

1. Ahmed bin Ibrahim alimwambia nini Kabaka Suuna, na inahitaji nini mtu kusema hivyo?
2. Je, Nuhu Mbogo alifanya vyema kukataa ufalme mwaka 1897? Toa sababu.
3. Muulize babu au bibi: mwaka 1980 mlikimbilia wapi, na nani aliwapokea?

Tunamwomba Allah (S.W.T.) awarehemu waliotutangulia, awasamehe makosa yao na yetu, na awape watoto wetu elimu yenye manufaa. Amin.

Wallahu a'lam. Wabillahi tawfiq.